Likeri ya koni za msonobari: mwongozo kamili, kutoka milima ya Usambara hadi chupa ya mezani Tanga

Mjomba wangu wa Lushoto huwashia moto koni za msonobari. Zikishakauka na kufunguka magamba, anapanga tatu nne chini ya kuni, anapiga kiberiti, na birika linaanza kuimba. Siku nilipopanda kwake na kikapu nikaanza kuchuma zile mbichi za kijani, alinitazama kwa muda, kisha akauliza: "Mjomba, hizo hata haziwaki. Unazipeleka wapi?" Nikamwambia ninakwenda kuziloweka kwenye pombe. Alitikisa kichwa, akanishikia tawi. Siku hizi akipita kwenye miti yake ndiye anayenipigia simu: "Zimefika, njoo."

Likeri ni pombe kali iliyolowekwa kitu chenye ladha, kisha ikatiwa sukari. Haipikwi wala haichachushwi. Huko Tyrol nchini Austria wana yao ya siku nyingi wanayoitengeneza kwa koni za msonobari uitwao Zirbe (Pinus cembra): wanakata koni vipande, wanaloweka kwenye pombe, na kinywaji kinageuka rangi ya kahawia iliyoiva. Milima ya kaskazini mwa Italia wanatumia msonobari mfupi uitwao mugo. Warusi na Wageorgia nao huchemsha koni changa na sukari wakapata jamu. Mbinu nimezichukua huko, lakini mti wetu ni mwingine, na ukifuata vipimo vya Ulaya kama vilivyo utapata kitu cha kusafishia brashi za rangi. Yangu ya kwanza ilikuwa hivyo hasa. Lita nzima niliimwaga.

Mti wenyewe ni upi

Hapa ndipo pa kuwa makini kuliko popote, kwa sababu mkoani Tanga kuna miti mitatu ambayo watu huichanganya.

Mvinje ndio ule unaouona ufukweni, Raskazone, Pangani, hata Bagamoyo. Kwa mbali unafanana na msonobari, una majani kama nywele na vijikoni vidogo vinavyochoma nyayo za watoto. Lakini si msonobari. Chukua "jani" lake moja ulivute: litaachana kwenye viungo vidogo vidogo, kipande baada ya kipande, kama kijiti cha muwa kilichokatwa pingili. Huo hatuutumii.

Saipresi, ambao wengi wanauita mti wa Krismasi, umejaa Lushoto na hupandwa kama ua. Majani yake ni magamba madogo yaliyolaliana juu ya vitawi, na koni zake ni viduara vidogo kama gololi. Huo nao tunauacha. Baadhi ya jamii za saipresi zina kemikali inayojulikana kuharibu mimba za ng'ombe, na sioni sababu ya mtu kujaribu bahati.

Msonobari tunaoutaka, wanaouita pia mpaini, una majani marefu kama sindano yanayotoka kwa mafungu. Aina iliyopandwa sana Usambara ni Pinus patula, yenye asili ya Mexico. Sindano zake zinaning'inia kama nywele zilizochanwa, urefu wa sentimita 15 hadi 25, mara nyingi tatu kwa kila fungu. Ukitazama shina upande wa juu, gome ni jekundu la kutu na linabanduka kama karatasi nyembamba. Koni zimekaa mbili, tatu, hadi tano pamoja, zimeng'ang'ania tawi bila kikonyo. Ukikosa hata alama moja kati ya hizi, usichume. Mwonyeshe kwanza mtu wa misitu au mwenye shamba.

Ruhusa, na jinsi ya kuchuma bila kuumiza mti

Shamba la Miti Shume ni la serikali, chini ya Wakala wa Huduma za Misitu (TFS). Msitu wa Magamba ni hifadhi ya mazingira asilia. Humo hakuchumwi kitu. Shume usiingie na kikapu bila kuzungumza na ofisi yao. Njia rahisi kuliko zote ni familia zenye miti yao pembeni mwa mashamba. Piga hodi, salimia vizuri, eleza unachotaka, na ukija tena njoo na chupa ndogo ya kuonja kama ni watu wa kunywa.

Bahati nzuri zaidi ni siku wanapopunguza miti au kuvuna mbao. Vilele vyote vinabaki chini na koni zake, na hakuna anayevihitaji. Ila ziwe za mti ulioangushwa siku hiyohiyo au jana yake. Zilizolala wiki nzima juani hazifai tena.

Kama unachuma kwenye mti uliosimama, chukua zile unazozifikia ukiwa ardhini. Matawi ya patula huvunjika ghafla, hivyo usipande. Tumia mkasi wa bustani au zungusha koni kwa mkono hadi iachie, na acha angalau nusu kwenye kila tawi. Vaa nguo ambazo hutazilalamikia. Utomvu ukishakunasa vidoleni, sabuni peke yake haiutoi. Paka kwanza mafuta ya kupikia, sugua, kisha ndiyo uoshe kwa sabuni.

Usibebe koni kwenye mfuko wa plastiki. Niliwahi kufanya hivyo, nikateremka Soni hadi Mombo, nikapitia Korogwe na Muheza kwenye basi lililojaa, na nilipofika Tanga mfuko ulikuwa unatoka jasho na koni zimeanza ukungu mweupe kwenye magamba. Kikapu na magazeti mawili vinatosha.

Kisu ndicho kalenda

Ukisoma maelekezo ya Ulaya utaambiwa uchume Juni au Julai. Yasikushughulishe. Koni ya msonobari huchukua kama miaka miwili tangu ichavushwe mpaka ikomae, kwa hiyo kwenye tawi moja utakuta za umri tofauti: changa kuelekea ncha, kongwe kuelekea shina. Patula ina ujanja mwingine: koni zake zilizokomaa hukaa zimefumba kwa miaka bila kufunguka. Unaiona nzima, imefumba vizuri, unadhani bado changa, kumbe ni kuni.

Ladha yote ya likeri inaamuliwa hapa. Ukichuma vibaya, hakuna sukari wala limau litakalokuokoa jikoni. Kwa hiyo nakwenda na kisu kidogo cha jikoni, na kabla ya kujaza kikapu napasua koni moja ya kila mti.

Ninayoitaka ina urefu wa sentimita 3 hadi 4, kama kidole gumba changu kutoka kiungo cha kati hadi ncha. Ni ya kijani, pengine na wekundu wa zambarau kwenye ncha za magamba. Kisu kinapita kama kwenye karoti mbichi, sauti moja nyororo, bila kulazimisha. Ndani ni nyeupe inayoelekea kijani, na ukisubiri kidogo vitone vya utomvu vinachomoza pembeni, angavu kama machozi. Nusa. Utapata kitu kati ya ganda la chungwa na ubani unaofukizwa nyumbani, na si ajabu: ubani na msonobari vina kemikali moja ya harufu iitwayo alfa-pineni.

Kisu kikikwama, ukisikia nyuzi zinakatika, ukiona mistari ya kahawia katikati au mbegu zilizoanza kuota bawa, umechelewa. Harufu ikikukumbusha tapentaini ya fundi rangi, huo mti uache hata kama koni zake ni ndogo. Miti haifanani. Kwa mjomba kuna mmoja karibu na kisima ambao siku zote una harufu kali, na mwingine hatua ishirini kutoka hapo ndio mtamu kuliko yote.

Pombe ya kulowekea

Tumia vodka isiyo na ladha, ya asilimia 40, iliyonunuliwa dukani ikiwa imefungwa na yenye stempu ya kodi ya TRA. Konyagi, ambayo ni asilimia 35, inafanya kazi pia, ila ina ladha yake tayari na inavuta utomvu taratibu, kwa hiyo iongezee wiki mbili. Chini ya 35 usishuke.

Gongo hapana. Achana na kwamba ni kinyume cha sheria. Hujui ndani mna methanoli kiasi gani, na methanoli hupofusha na huua. Kuloweka koni hakuiondoi. Spiriti ya hospitali au ya kuwashia jiko ni sumu vilevile, hata kidogo usiiguse kwa kazi hii. Pombe ya bei ya ajabu isiyo na stempu, nayo iache dukani. Hili nalisema kwa uzito kwa sababu nchi hii imeshazika watu kwa ajili ya chupa.

Sisi hapa hatuchemshi pombe wala hatuitoneshi. Tunailoweka tu pombe halali, kwa matumizi ya nyumbani. Ukitaka kuuza, hapo kuna leseni, kuna TBS, kuna TRA, na hiyo ni kazi nyingine.

Vipimo vya chupa moja

Kwa lita 1 ya vodka:

- koni changa gramu 150, kama konzi mbili
- sukari gramu 250, na maji mililita 200 (baadaye)
- ganda la limau moja, sehemu ya njano tu
- kijiti cha mdalasini kama kidole cha mwisho, ukipenda

Mapishi mengi yanataka koni maradufu ya hizo. Kwa patula, 150 inatosha. Unaweza kuongeza mwaka ujao, lakini utomvu uliozidi huwezi kuutoa. Mdalasini natumia ule wa Muheza, kutoka vijiji vya njia ya Amani, na mara nyingi siutii kabisa. Karafuu nilijaribu mara moja. Karafuu mbili tu zilimeza kila kitu, nikawa nanywa karafuu.

Kuosha, kukata, kuloweka

Osha koni kwa maji baridi, ukizisugua kwa brashi ya kucha ili kutoa vumbi na wadudu waliojificha chini ya magamba. Zitandaze juu ya kitambaa hadi zikauke kabisa, kwa muda wa saa tatu au nne kivulini. Maji yanayobaki yanapunguza ukali wa pombe.

Paka kisu na kibao mafuta kidogo kabla ya kukata, utanishukuru. Kata vipande vya nusu sentimita, vya duara. Utaona umbo kama ua katikati ya kila kipande. Fanya haraka, maana vikikaa hewani vinageuka kahawia.

Chukua chupa ya kioo yenye mdomo mpana, ya lita moja na nusu au mbili, iliyooshwa kwa maji ya moto na kukaushwa. Tia vipande, ganda la limau, mimina vodka. Koni zote zizame. Inayoelea juu ya pombe ndiyo inayooza. Funga, tikisa, andika tarehe kwenye karatasi na uibandike. Andika na mti pia: "wa juu ya kisima", "wa mpakani". Baada ya miaka miwili mitatu hayo maandishi ni ya thamani kuliko mapishi.

Ulaya wanaweka chupa dirishani ipate jua kwa siku arobaini. Jua lao si letu. Niliwahi kuweka dirishani hapa Tanga, mwezi wa pili, na baada ya wiki mbili ikawa na ladha ya jamu iliyoungua. Weka kabatini gizani, mbali na jiko, kwenye chumba chenye baridi kuliko vingine. Kwa walio Lushoto, sehemu yoyote ya nyumba inafaa.

Siku ya pili pombe inakuwa ya manjano-kijani. Wiki ya kwanza tikisa kila siku, kisha mara moja kwa wiki. Kufikia wiki ya tatu rangi ni ya chai nyepesi, na hapo anza kuonja: kijiko kimoja cha chai ndani ya maji nusu glasi. Unatafuta wakati ambao harufu ya msitu imejaa lakini uchungu bado unakaa nyuma ya ulimi. Kwangu huwa kati ya wiki ya nne na ya sita. Ukianza kuhisi ulimi unakauka kama umetafuna ndizi mbichi, toa koni siku hiyohiyo. Usingoje Jumapili.

Kuchuja na kutia sukari

Chuja kwanza kwa chujio la chai, halafu kwa kitambaa safi cha pamba kilichokunjwa mara mbili. Usiminye koni, zinaachia uchungu. Utapata kama mililita 900, nyingine imebaki ndani ya vipande. Hivyo vipande vitupe kwenye shimo la mboji, si motoni, maana vimelowa pombe.

Chemsha maji mililita 200 na sukari gramu 250 hadi sukari iyeyuke, kisha epua na uache ipoe kabisa. Nasema kabisa. Shira ya moto ikikutana na pombe inarusha mvuke unaoshika moto, na jikoni kwetu jiko la mkaa haliko mbali. Ikipoa, mimina nusu ya shira, koroga, onja, kisha ongeza kidogo kidogo.

Hesabu ya ukali ni hii: mililita 900 za asilimia 40 zina mililita 360 za alkoholi. Shira yote ina ujazo wa kama mililita 355. Jumla ni 1,255, na 360 ndani yake ni kama asilimia 29. Kwa Konyagi utapata kama 25. Vyote vinahifadhika vizuri. Ukizidisha maji ukashuka chini ya 20, usitegemee ikae muda mrefu nje ya friji.

Huenda ikageuka ghafla kuwa na ukungu kama maji ya mchele. Usiogope, wala haijaharibika. Mafuta ya msonobari huyeyuka kwenye pombe lakini si kwenye maji. Ulipoongeza shira ulipunguza nguvu ya pombe, na mafuta yakajitenga kwa vitone vidogo mno. Weka kwenye friji usiku kucha, kisha ichuje ikiwa baridi kwa karatasi ya kuchujia kahawa. Itachukua saa nzima kupita. Mimi huongeza pia mililita 50 za vodka, na mara nyingi ukungu unaondoka wenyewe. Ukibaki kidogo, kunywa hivyohivyo.

Kupumzika na kunywa

Tia kwenye chupa za kioo zenye mfuniko unaobana, ujaze hadi shingoni, urudishe gizani. Ikiwa changa ina makali mawili, ya pombe na ya utomvu, na kila moja linasimama peke yake. Mwezi wa pili yanaanza kuelewana. Mwezi wa tatu ndio wa kufungua. Nina chupa moja ya miaka miwili ambayo imekuwa laini kiasi kwamba utomvu wake umegeuka kama asali ya nyuki wa msituni.

Kipimo ni glasi ndogo, mililita 30 au 40, baridi, baada ya chakula. Ikiwa joto la Tanga limekuzidi, changanya kipimo kimoja na juisi ya machungwa ya Muheza iliyokamuliwa saa hiyohiyo na barafu, bila sukari nyingine. Matone machache kwenye kahawa nyeusi ya Usambara nayo yanapendeza.

Mjamzito na anayenyonyesha wasiinywe, wala aliye chini ya miaka 18, wala anayetumia dawa zisizopatana na pombe. Mwenye mzio wa utomvu au wa harufu kali za miti naye asiijaribu, na mara ya kwanza kila mtu aanze na kijiko kimoja tu aone mwili unavyoipokea. Na kama unateremka Lushoto kwenda Mombo kwa gari ukiwa dereva, kona zile hazitaki hata glasi moja. Siiuzi wala siisifu kama dawa ya kifua. Ni kinywaji.

Kwa wasiokunywa: shira ya koni

Nyumba nyingi za hapa kwetu hazina pombe, na mama yangu mdogo ni mmoja wa wanaoniuliza kila mara, "Na sisi je?" Basi yao ni hii. Ipo njia ya kupanga koni na sukari kwenye chupa na kuiacha juani wiki kadhaa, lakini ile huchachuka kidogo ndani, kwa hiyo asiyegusa pombe kabisa aiache. Chemsha.

Kata koni changa gramu 300, zifunike kwa maji, zichemke dakika 10, mwaga maji hayo. Ndiyo yenye uchungu na utomvu mwingi. Tia maji mapya lita 1, chemsha kwa moto mdogo nusu saa, funika, acha hadi asubuhi. Chuja, pima maji yaliyobaki, tia sukari uzito sawa na maji hayo, kamua limau moja. Chemsha polepole bila kufunika hadi tone likidondoshwa kwenye sahani baridi lisikimbie, kama shira ya kaimati. Rangi itakuwa ya dhahabu inayoelekea wekundu. Sufuria itabaki na mstari wa utomvu pembeni, nao unatoka kwa mafuta yaleyale ya kupikia.

Mimina ikiwa ya moto kwenye chupa zilizochemshwa, funga, na ikishafunguliwa ikae kwenye friji, iishe ndani ya mwezi mmoja au miwili. Mama mdogo anaitia kijiko kimoja kwenye chai ya tangawizi isiyo na sukari. Juzi alinitumia chupa tupu kwa kijana wa bodaboda, imeoshwa, mfuniko wake ndani ya kitambaa.